Ndani ya kebo ya faiba: kioo kidogo, ulinzi mwingi

Chukua kipande cha kebo ya faiba ya nyuzi 24, ile nyeusi inayofukiwa kando ya barabara, ukichane kwa kisu kutoka nje kwenda ndani. Kwanza utakutana na plastiki nene nyeusi. Chini yake kuna bati jembamba la chuma lenye mikunjo. Ukishalibandua hilo, vidole vinaanza kuteleza kwa jeli. Ndani ya jeli kuna mirija ya plastiki iliyosokotwa kuzunguka fimbo ngumu ya katikati, na ndani ya kila mrija, ukiukata taratibu, ndipo zinapochomoza nyuzi zenyewe: za buluu, za chungwa, za kijani, nyepesi kiasi kwamba upepo wa feni unazipeperusha juu ya meza.

Wengi wakisikia kwamba faiba ni kioo hudhani kioo ndicho kilichojaa humo. Hesabu inasema vingine. Uzi mmoja wa kawaida una kipenyo cha mikromita 125, yaani moja ya nane ya milimita. Kilomita nzima ya uzi huo ina kioo cha gramu 27 hivi. Na sehemu ambayo mwanga hasa unapita, kiini cha katikati chenye kipenyo cha mikromita 9 hivi, haifiki hata robo gramu kwa kilomita hiyo nzima. Nyuzi zote 24 zikiwekwa pamoja zina kioo cha gramu 650 kwa kilomita, ilhali kebo yenyewe huzidi kilo 100.

Kilo zote zilizobaki ni ulinzi. Kwa hiyo anayetaka kuielewa kebo ya faiba asiishie kwenye kioo. Aulize kila tabaka limewekwa limzuie adui gani. Maadui wenyewe hawazidi sita: uchafu, maji, mvuto, mpindo, jua na meno.

Kioo kinachotoka hewani

Kioo cha faiba ni silika, muungano wa silikoni na oksijeni, kitu kilekile kilichojaa kwenye mchanga mweupe. Lakini huwezi kuyeyusha mchanga ukapata uzi wa mawasiliano. Tazama kioo cha dirisha kwa ubavuni, pale kilipokatwa, utaona rangi ya kijani. Rangi hiyo inatokana na chuma kilichokuwemo kwenye malighafi. Kwa dirisha haina shida, maana mwanga unapita milimita tano tu. Kwa uzi wa kilomita 80, chuma kidogo mno kuliko hicho kinatosha kuumeza mwanga wote.

Mwaka 1966, Charles Kao na George Hockham, wakiwa katika maabara ya Standard Telecommunication Laboratories huko Harlow, Uingereza, walichapisha hoja iliyobadilisha mambo. Wakati huo kioo kilikuwa kinapoteza mwanga kwa kiwango cha desibeli 1,000 hivi kwa kilomita, na wahandisi wengi waliona ndiyo tabia ya kioo, hakuna la kufanya. Kao na Hockham wakasema hapana: anayekula mwanga ni uchafu uliomo, wala si silika yenyewe. Uchafu ukiondolewa hadi upotevu ushuke kufikia desibeli 20 kwa kilomita, mawasiliano kwa kioo yatawezekana.

Desibeli 20 maana yake ni hii: ukitia sehemu 100 za mwanga upande mmoja, kilomita moja mbele inatoka sehemu 1. Lengo hilo lilivukwa mwaka 1970 na Robert Maurer, Donald Keck na Peter Schultz wa kampuni ya Corning, Marekani, waliopata desibeli 17. Leo uzi wa kawaida unapoteza takriban desibeli 0.2 kwa kilomita kwenye mwanga wenye urefu wa wimbi wa nanomita 1550. Kwa maneno mengine, ile sehemu 1 kati ya 100 iliyokuwa ikibaki baada ya kilomita 1 sasa inabaki baada ya kilomita 100. Kao alipewa Tuzo ya Nobel ya Fizikia mwaka 2009.

Siri ya usafi huo ni kwamba kioo cha faiba hakianzi kama mchanga bali kama kimiminika. Silikoni huunganishwa na klorini ikawa kimiminika kisicho na rangi, kinachochemka kwenye nyuzijoto 58 hivi. Kloridi ya chuma inahitaji zaidi ya 300. Basi ukikichemsha polepole kile kimiminika, mvuke wa silikoni unapanda peke yake na chuma kinabaki chini. Mvuke huo safi ukikutanishwa na oksijeni kwenye joto kali unageuka vumbi laini jeupe la silika, tabaka juu ya tabaka, ama ndani ya mrija wa kioo unaozungushwa juu ya moto, ama juu ya fimbo, kutegemea kiwanda. Mbinu ya ndani ya mrija ilitoka maabara ya Bell Labs, Marekani. Corning na Wajapani wa NTT kila mmoja alikuwa na yake. Mwisho wa yote ni uleule: fimbo nene ya kioo ambayo ndani yake tayari kuna kiini na ganda la kioo linalokizunguka.

Hapo ndipo maji yanapojitokeza kama adui kwa mara ya kwanza, na hayatatuacha hadi mwisho. Moto wa hidrojeni unazalisha maji, na maji yakinaswa ndani ya kioo yanaacha vifungo vya oksijeni na hidrojeni ambavyo vinameza mwanga, hasa karibu na nanomita 1383. Sehemu moja tu ya vifungo hivyo kwa milioni inaongeza upotevu wa makumi ya desibeli kwa kilomita kwenye rangi hiyo ya mwanga. Kwa hiyo lile vumbi jeupe, kabla halijayeyushwa likawa kioo kamili, linakaushwa ndani ya tanuri lenye gesi ya klorini inayong'oa unyevu wote. Uzi ulioandikwa G.652D kwenye kebo zetu ni ule uliotengenezwa kwa namna ambayo kilele hicho cha upotevu kinacholetwa na maji kimefutwa.

Gerimani, na njia ya kwenda Lubumbashi

Kiini na ganda lake vyote ni silika. Tofauti yao ni punje ya kitu kingine. Kiini hutiwa oksidi ya gerimani, ambayo inafanya mwanga uende polepole kidogo zaidi ndani yake kuliko kwenye ganda. Kidogo kwelikweli: tofauti haifiki nusu ya asilimia moja. Lakini inatosha. Mwanga unaosafiri ndani ya kiini ukigonga mpaka wa ganda kwa pembe ya kuparaza, hauwezi kutoka. Unaakisiwa wote kurudi ndani, na unaendelea hivyo kilomita kwa kilomita.

Corning walianza na titani kwa kazi hiyo, kisha mwaka 1972 wakahamia gerimani, upotevu ukashuka hadi desibeli 4, na tangu hapo gerimani haijaondoka. Madini haya yana tatizo lake: karibu hayachimbwi peke yake. Yanapatikana kama mabaki ya zinki na kwenye majivu ya makaa ya mawe, na China ndiyo mzalishaji mkuu. Agosti 2023 China ilianza kudai leseni kwa kila shehena ya gerimani inayotoka nje, na wenye viwanda vya faiba na vya kamera za joto wakaanza kutafuta kwingine.

Hapa pana jambo ambalo sioni likisemwa vya kutosha kwa Kiswahili. Kwingine huko kumojawapo ni Kongo. Mgodi wa Kipushi, jirani na Lubumbashi, una shaba na zinki zenye gerimani ndani yake. Madini ya renieriti, yenye gerimani, yalitambuliwa kwa mara ya kwanza kutoka mgodi huo. Kwa miongo mingi mawe yalipoyeyushwa Lubumbashi ili kutoa shaba, mabaki yake yalimwagwa mjini hadi yakawa mlima mweusi ambao wakazi wanauita Terril. Gerimani ilibaki humo. Kampuni ya STL, tanzu ya Gécamines, kampuni ya madini ya serikali ya Kongo, imejenga kiwanda cha kuyachakata mabaki hayo, ikaingia mkataba na kampuni ya Umicore ya Ubelgiji mwaka 2024, na Oktoba mwaka huohuo ikasafirisha shehena yake ya kwanza ya makinikia ya gerimani. Kwa hiyo kile kinachozuia mwanga usitoroke ndani ya uzi kinaweza kuwa kimelala miaka mingi katikati ya mji wa watu wanaozungumza Kiswahili. Naona ni jambo la kufuatiliwa kwa karibu, kwa sababu makinikia ni hatua ya chini kabisa ya thamani. Kusafisha, kutengeneza kloridi na kuvuta uzi bado vyote vinafanyika mbali.

Si kila uzi unahitaji gerimani. Kila kitu unachotia kwenye silika kinaongeza kidogo mtawanyiko wa mwanga, kwa hiyo kwa safari ndefu za baharini watengenezaji hupindua mpango: kiini kinaachwa silika tupu, na ganda ndilo linalotiwa florini ili mwanga ukimbie zaidi huko nje kuliko ndani. Matokeo kwa mwanga ni yaleyale, na upotevu unashuka hadi karibu desibeli 0.15 kwa kilomita.

Kutoka fimbo hadi uzi

Fimbo ya kioo inapelekwa juu ya mnara wenye urefu wa ghorofa kadhaa. Ncha yake inaingia kwenye tanuri la nyuzijoto 2,000 hivi, inalainika, inadondoka, na tone hilo linaburuta uzi nyuma yake. Kuanzia hapo kazi ni kuvuta, zaidi ya mita 1,000 kwa dakika, huku leza ikipima kipenyo bila kupumzika na mashine ikiongeza au kupunguza kasi ili kubaki kwenye mikromita 125. Ajabu ya kioo ni kwamba uwiano haubadiliki. Kama kiini kilikuwa moja ya kumi na nne ya upana wa fimbo, kitakuwa moja ya kumi na nne ya upana wa uzi. Fimbo ya mita moja yenye kipenyo cha milimita 80 inatoa uzi wa kilomita 400 hivi, karibu sawa na kutoka Dar es Salaam hadi Dodoma kwa mstari ulionyooka.

Uzi mpya namna hii una nguvu kubwa. Kioo kisicho na dosari kinashinda waya wa chuma wa unene uleule kwa kuvutwa. Tatizo ni hilo neno dosari. Ukiugusa tu kwa kidole, au vumbi likiukwaruza, unapata ufa usioonekana kwa macho. Na unyevu wa hewa ukiingia kwenye ncha ya ufa huo wakati uzi umevutwa, maji yanakata vifungo vya silika kimoja baada ya kingine. Ufa unatambaa. Leo uzi ni mzima, mwakani ni mzima, mwaka wa tano unakatika wenyewe bila mtu kuugusa. Fundi anayekunja uzi kwa nguvu ndani ya kisanduku na kuondoka kwa sababu kipimo kimesoma vizuri siku hiyo, ameacha ufa ukitambaa.

Ndiyo maana uzi unapakwa ngozi palepale kwenye mnara, kabla haujagusa kitu chochote. Ngozi ni plastiki ya akrilati ya tabaka mbili, inayogandishwa kwa taa za urujuanimno kwa muda mfupi kuliko kupepesa jicho. Tabaka la ndani ni laini kama mpira ili kumeza misukosuko midogo, la nje ni gumu ili kuhimili mikwaruzo. Kipenyo kinafika mikromita 250. Kisha uzi wote, kilomita baada ya kilomita, unavutwa kwa nguvu ya kuurefusha asilimia 1. Penye ufa mkubwa unakatika hapohapo kiwandani, na kilichobaki ndicho kinachouzwa.

Baada ya hapo zinakuja rangi. Mfuatano unaotumika sana ni buluu, chungwa, kijani, kahawia, kijivu, nyeupe, nyekundu, nyeusi, njano, zambarau, waridi na samawati. Mafundi wanaukariri, kwa sababu kwenye kebo ya nyuzi 96 kuna mirija minane ya nyuzi kumi na mbili, mirija yenyewe nayo ina rangi kwa mfuatano uleule, na ukiunganisha waridi na samawati kinyume, wateja wawili wamebadilishana laini bila kujua.

Maji, mvuto na fimbo ya katikati

Mirija hutengenezwa kwa plastiki ngumu iitwayo PBT, au kwa polipropilini. Nyuzi hazibani ndani yake. Zinaelea kwenye jeli, na zimewekwa kwa urefu unaozidi kidogo urefu wa mrija. Ziada hiyo ndiyo akili yote ya aina hii ya kebo. Mafundi wakiivuta kebo kwenye bomba la ardhini, au nguzo ikiinama, kebo inarefuka kwanza na nyuzi zinajinyoosha tu ndani ya mrija. Mvuto unakuja kuzifikia baada ya kebo kurefuka kupita kiwango chake.

Kinachozuia kebo isirefuke ni fimbo ya katikati, ambayo ni waya wa chuma au faibaglasi, na kwenye kebo nyingine nyuzi za aramidi za rangi ya manjano zinazozunguka mirija. Aramidi ndiyo jamii ya Kevlar, kitu alichokigundua Stephanie Kwolek katika kampuni ya DuPont mwaka 1965, kilekile kinachotumika kwenye fulana za kuzuia risasi. Ni nyepesi, haipitishi umeme, na karibu hairefuki. Fimbo ina kazi ya pili ambayo wengi hawaitambui. Polithini ikipata joto inatanuka mara mia kadhaa zaidi ya kioo cha silika, na ikipoa inasinyaa kwa kiwango hichohicho. Bila fimbo ngumu ya kuishikilia, usiku wa baridi wa Njombe au Nyahururu ungeifanya plastiki isinyae na kuzikunjakunja nyuzi ndani, na kila kunjo linavujisha mwanga.

Kwenye waya wa chuma wa katikati pana jambo dogo linalonivutia. Haukupakwa zinki kama waya wa uzio. Umepakwa fosfati. Zinki ikikutana na unyevu inatoa hidrojeni, na hidrojeni ni gesi ndogo mno, inapenya plastiki, inapenya jeli, inaingia hadi ndani ya kioo chenyewe na kukitia giza kwenye rangi zilezile za mwanga tunazozihitaji. Yaani hata kutu isiyogusa uzi inaweza kuuziba.

Jeli nayo iko kwa ajili ya maji. Kebo ikichanika mahali pamoja, maji yasipozuiwa hutembea ndani yake mita mia kadhaa hadi kwenye kisanduku cha maungio. Jeli inaziba njia hiyo. Lakini jeli ni uchafu kwa fundi, inanata kwenye vidole na vifaa, na kuifuta kwa spiriti kunakula muda. Kwa hiyo kebo nyingi za sasa zimeipunguza: ndani ya mirija jeli inabaki, ila nje ya mirija kunawekwa utepe na nyuzi kavu zenye unga unaokunywa maji. Unga huo ni jamii ileile ya polima iliyomo kwenye pampasi za watoto. Maji yakigusa, unavimba na kuziba tundu hapohapo.

Jua, panya na mchwa

Ganda la nje la kebo ya nje karibu kila mara ni polithini nyeusi. Weusi huo si urembo. Ni masizi laini ya kaboni, asilimia 2 na kitu ya plastiki yote, yanayomeza miale ya jua kabla haijaivunjavunja plastiki. Polithini isiyo na masizi ikianikwa kwenye jua la Mtwara au Garissa hukauka na kupasuka ndani ya muda mfupi.

Chini ya ganda, kebo ya kufukiwa hupewa lile bati la chuma lenye mikunjo. Mikunjo inaifanya ipindike bila kuvunjika, na chuma kinawashinda panya. Mchwa ni adui mwingine, na kwenye ardhi yetu si adui mdogo. Wanatafuna polithini. Kinga yao inayoeleweka zaidi ni tabaka jembamba la nailoni gumu na laini juu, ambalo taya zao hazipati pa kushika. Linaongeza bei, na ndilo tabaka linaloachwa mara ya kwanza mnunuzi anapotaka punguzo.

Chuma kina gharama yake pia. Kinavuta radi, kwa hiyo lazima kiunganishwe na nyaya za ardhi kwenye maungio. Na hakiruhusiwi kabisa kukaa ovyo karibu na nyaya za umeme mkubwa. Kwa sababu hiyo kebo zinazoning'inia kwenye nguzo za umeme zimetengenezwa bila chuma hata chembe: faibaglasi katikati, aramidi nyingi, polithini nje. Njia nyingine, inayotumika kwenye minara ya msongo mkubwa, ni kuficha nyuzi ndani ya ule waya wa juu kabisa unaokinga radi. Hapo waya wa alumini na chuma unafanya kazi mbili, na mwizi hana la kukata.

Wizi wenyewe ni msiba wa kusikitisha. Kebo zinakatwa na watu wanaotafuta shaba, nao wanakuta kioo na plastiki zisizouzika kokote. Wilaya nzima inakosa mtandao, hospitali na ofisi zinasimama, na aliyekata hakupata hata shilingi. Kebo ya faiba ya ardhini haina shaba, na hilo lingefaa kuandikwa kwa herufi kubwa kwenye kila kifuniko cha shimo.

Kebo inayoingia nyumbani

Kebo bapa nyembamba inayotoka nguzoni hadi kwako sebuleni ni ndugu mwingine kabisa. Ina uzi mmoja au mbili, vijiti viwili vya chuma au faibaglasi ubavuni, na ya nje huongezewa waya wa chuma wa kuning'inizia. Uzi wake ni wa aina ya G.657, ambao kuzunguka kiini chake kuna mfereji wa kioo chenye florini unaourudisha mwanga pale kona inapokuwa kali. Uzi wa G.652 ukizungushwa kwenye kona ya ukuta unavujisha. Wa G.657A2 unavumilia mzingo wenye nusu kipenyo cha milimita 7.5.

Ganda lake si polithini bali plastiki iliyochanganywa na hidroksidi ya alumini au magnesi. Moto ukiwaka, hidroksidi inatoa mvuke wa maji unaopoza, na moshi wake ni mchache usio na gesi ya asidi kama ile ya PVC. Kwa ndani ya nyumba ni sahihi kabisa. Nje, juani na mvuani, aina nyeupe ya ndani haidumu, na bado tunaiona imetandazwa juu ya mapaa kwa sababu ilikuwa ndiyo iliyobaki kwenye gari. Mwenye nyumba akiona waya mweupe unachubuka na kupasuka ukutani nje, ana haki ya kudai ule mweusi.

Mwisho wake kuna kichwa cha kuchomeka. Ndani ya kichwa kuna kijiti cha kauri ya zirkonia chenye kipenyo cha milimita 2.5, kilichotobolewa katikati kwa tundu la mikromita 125 na ushei, ambamo uzi umegundishwa na kusuguliwa. Kichwa cha buluu kimesuguliwa karibu bapa, cha kijani kimekatwa kwa pembe ya nyuzi 8 ili mwanga unaoakisiwa usirudi kwenye leza. Ukikutanisha kijani na buluu, nyuso hazilingani na mwanga mwingi unapotea. Na chembe moja ya vumbi juu ya kiini cha mikromita 9 ni sawa na jiwe barabarani, ndiyo maana fundi makini anafuta kila kichwa kabla ya kukichomeka, hata kipya kutoka kwenye mfuko.

Chini ya bahari, shaba inarudi

Mwaka 1879 kebo ya simu ya maandishi ilifika Zanzibar kutoka Aden na kuendelea hadi Durban, shaba yake ikiwa imevikwa utomvu wa miti ya Asia uitwao guta-percha. Kebo za faiba zilifuata miaka 130 baadaye: SEACOM na TEAMS mwaka 2009, EASSy mwaka 2010. Ukizikata utashangaa, maana humo shaba imo.

Katikati kuna mrija wenye nyuzi chache tu ndani ya jeli. Kuuzunguka kuna waya za chuma zenye nguvu kubwa, juu yake mrija wa shaba, kisha polithini nene ya asili isiyo na rangi. Kwenye kina kirefu kebo nzima ina unene wa milimita 17 hivi. Karibu na ufukwe, ambako nanga na nyavu ndizo hatari, inaongezewa safu moja au mbili za waya za chuma, lami na nyuzi za polipropilini, hadi inazidi unene wa bomba la maji la nyumbani.

Shaba haibebi data. Inabeba umeme wa maelfu ya volti kutoka vituo vya nchi kavu kwenda kwenye vikuza-mwanga vilivyolazwa chini kila baada ya kilomita 60 hadi 100. Ndani ya kila kimoja kuna mita kadhaa za uzi maalumu uliotiwa erbi, madini adimu ambayo, yakimulikwa na leza ndogo, hukoleza mwanga wa nanomita 1550 unaopita bila kuugeuza umeme kwanza. Jambo hilo lilionyeshwa mwaka 1987 na watafiti wa Chuo Kikuu cha Southampton na wa Bell Labs. Bila erbi, kebo ya Mombasa hadi Fujairah, Falme za Kiarabu, ingehitaji mitambo mizito ya kugeuza mwanga kuwa umeme na kuurudisha tena, kila baada ya makumi ya kilomita.

Tarehe 12 Mei 2024 EASSy na SEACOM zilikatika kwa pamoja upande wa kusini, na Tanzania ilikuwa miongoni mwa walioumia zaidi. Siku hiyo wengi waligundua kwamba intaneti yao ina mwili, na kwamba mwili huo unalala mahali.

Kusoma maandishi ya ubavuni

Kwa anayenunua kebo ya nchi kavu, karibu yote niliyoeleza yamechapishwa kwenye ganda, mita kwa mita. Kebo nyingi zinazofika sokoni kwetu hufuata majina ya Kichina. GY ni kebo ya nje. T ni yenye jeli. S mwishoni ni bati la chuma, A ni la alumini. F ni fimbo isiyo ya chuma. Ukiona 53 imeongezwa, kama kwenye GYTA53, kuna bati la pili, hili la chuma, na ganda la pili la polithini, na hiyo ndiyo ya kufukia moja kwa moja bila bomba. GYTS inafaa ndani ya bomba. GYFTY haina chuma popote, ni nzuri karibu na umeme, ila ukiifukia peke yake kipima-kebo hakitaiona kutoka juu ya ardhi, kwa hiyo zika waya wa kuionyesha sambamba nayo.

Halafu soma namba za mita mwanzo na mwisho wa roli, utoe moja kwa nyingine, na upime kila uzi kwa OTDR, kifaa cha kupima upotevu wa mwanga ndani ya uzi, kabla roli haijatoka dukani. Kwenye nanomita 1550 uzi mzima usomeke karibu desibeli 0.2 kwa kilomita. Ukikuta 0.3, rudisha roli, hata kama bei ilikuwa nzuri.